Chablis na Meursault: Zabibu Moja, Divai Mbili

Chablis na Meursault zote ni divai nyeupe za Bourgogne, nchini Ufaransa, na zote hutengenezwa kwa zabibu za Chardonnay peke yake, lakini mtu akimiminiwa bilauri mbili bila kuonyeshwa chupa anaweza kukataa kabisa kwamba zina udugu. Ndiyo maana nawashauri wanaoanza kuzifahamu divai za Kifaransa wazionje hizi mbili pamoja kabla ya zile nyekundu za Bordeaux, ambako Cabernet Sauvignon na Merlot huchanganywa katika chupa moja, ikawa vigumu kujua lipi limeletwa na zabibu na lipi na ardhi.

Chablis iko kaskazini, karibu zaidi na mashamba ya Champagne kuliko na Beaune, mji ulio kitovu cha divai za Bourgogne. Udongo wake wa mfinyanzi na chokaa umejaa visukuku vya chaza wadogo walioishi baharini takriban miaka milioni 150 iliyopita. Baridi ya huko ni kali kiasi kwamba katika majira ya kuchipua wakulima hunyunyizia mizabibu maji usiku, ili barafu iyafunike machipukizi na kuyakinga na jalidi. Kwa kuwa zabibu huiva polepole, uchachu wake haupotei, na divai nyingi ya hapo huchachushwa katika matangi ya chuma cha pua, ambayo hayaongezi ladha yoyote. Hivyo mdomoni hupatikana limau, tofaa bichi na ukavu unaokumbusha jiwe lililolowa. Wapo wanaoshikilia kwamba ukavu huo unatoka moja kwa moja katika makombe ya chaza. Mimi naona baridi na tangi vinatosha kuueleza.

Meursault, iliyo kusini kidogo ya Beaune, hupata joto zaidi, na divai yake hukaa katika mapipa ya mwaloni juu ya mashapo ya hamira kwa miezi mingi. Hapo ndipo unapotoka uzito wake, harufu ya siagi na ya njugu zilizokaangwa. Ni divai nzuri sana, ila mtengenezaji akizidisha mapipa mapya, mti huifunika zabibu, na bei hubaki juu vilevile.

Lebo za chupa hizi kwa kawaida hutaja mahali, si aina ya zabibu, tofauti na zile za Alsace, eneo jingine la divai la Ufaransa, ambazo hutaja zabibu. Chablis ina madaraja manne, kutoka la chini hadi la juu: Petit Chablis, Chablis, Premier Cru na Grand Cru. Kwa fedha inayotolewa, Premier Cru ndiyo ninayoipendekeza kuliko zote, hata kuliko Meursault ya kawaida, hasa kwa samaki wa kuchoma aliyekamuliwa limau. Inywewe katika nyuzi 10 hadi 12 za Selsiasi, kwani baridi ya kupita kiasi huiua harufu yake. Meursault ivumilie joto zaidi kidogo, na iandaliwe pamoja na kuku wa mchuzi wa krimu.