Harusi kwenye klabu ya wanachama: bustani safi, lakini mjomba walimwacha getini

Nianze na mazuri yao, maana nikishaanza kulalamika sitarudi huko. Bustani ni nzuri, upepo unatoka baharini, feni huhitaji. Maegesho yapo. Hakuna sherehe nyingine nyuma ya pazia kama zile kumbi za Sinza ambako MC wa jirani anaweza kukutambulishia mama mkwe asiye wako. Pilau ilipikwa na mtu anayeijua pilau, na vyoo vilikuwa na maji mpaka tunaondoka. Kwa hayo tu nilikuwa nawapa nyota nne.

Sasa ya getini.

Mdogo wangu ameolewa hapa Dar baada ya Idi, ule msimu ambao kila ukigeuka unapewa kadi ya mchango. Ndoa ilifungwa msikitini baada ya Alasiri, usiku tukahamia klabu. Kwa asiyejua: klabu hizi huingii kwa pesa yako tu. Lazima mwanachama akudhamini, mkataba asaini yeye, na mkivunja glasi au mkipitisha muda wa muziki, yeye ndiye anayeitwa kujieleza. Sisi alitudhamini bosi wa shemeji yangu. Ndiyo maana usiku ule hakuna aliyethubutu kupaza sauti. Aibu ingemwangukia mtu aliyetusaidia, na nadhani wale watu wa getini walilijua hilo vizuri sana.

Mjomba wetu, kaka yake mama, alitoka Pangani. Yeye ndiye aliyepokea posa, kwa hiyo bila yeye hakuna shughuli. Alishuka kwenye gari na kanzu nyeupe, koti, kofia ya viua, bakora mkononi, na makubazi mapya ya ngozi aliyoshonewa Tanga kwa ajili ya siku hiyo. Kwenye kadi tuliandika “mavazi ya heshima”. Mtu wa pwani mwenye umri wake avae nini tena?

Msimamizi wa zamu, kijana anayeweza kuwa mjukuu wake, hakutoa hata shikamoo. Alianza kumtazama kuanzia chini.

“Mzee, viatu vya wazi haviruhusiwi.”

Akanyoosha kidole ukutani. Kuna ubao: hakuna kaptula, hakuna fulana isiyo na kola, hakuna ndala wala sendozi. Mjomba akadhani anataniwa, akacheka. “Baba, mimi ndiye mjomba wa bibi harusi.”

“Nakuelewa mzee, lakini vidole vinaonekana.”

Vidole vinaonekana! Na upande wa wakwe wamesimama nyuma yetu kwenye foleni wanasikia.

Tukiwa pale pale wakapita wanachama wawili wanatoka kucheza tenisi, kaptula juu ya magoti, mmoja amevaa ndala za bafuni kabisa. “Karibuni mabosi.” Nikauliza, na hawa je? Nikajibiwa hao wanaelekea upande wa michezo. Na bwana harusi? Joho, kilemba, jambia kiunoni, na miguuni makubazi kama ya mjomba. Yeye aliingia na gari la maua, geti likafunguliwa lote, hakuna aliyeinama kukagua vidole vyake.

Klabu nyingi za namna hii ni za enzi za Mwingereza, na enzi hizo Mwafrika alipita mlangoni ikiwa tu amebeba trei. Kule Nairobi mwaka 1946 ilibidi iundwe klabu mpya kabisa, United Kenya Club, ili watu wa rangi zote waweze kukaa meza moja. Wenye klabu wamebadilika, ubao wa getini bado una macho yale yale.

Wakaleta suluhisho: boksi la viatu vya kuazima. Jozi aliyopewa mjomba ilikuwa nyeusi, kisigino kimelika upande mmoja, na ndani ya kiatu cha kushoto kulikuwa na soksi ya mtu. Mjomba aliitoa kwa ncha ya bakora, taratibu, akailaza juu ya kitabu cha kusaini wageni. Kisha akaomba kiti. Hakugomba na mtu. Mlinzi wa geti, ambaye si mwajiriwa wao bali wa kampuni ya ulinzi, akamwamkia na kumpa kiti chake mwenyewe. Huyo ningeweza kumpa nyota kumi.

Habari zilipofika ndani, mama akatoka. Mashangazi nao wakatoka, kila mmoja na sahani yake, watoto nyuma wamebeba viti. MC anaita upande wa bibi harusi, meza tupu. Matarumbeta, ambayo klabu ilikataa yasiingie bustanini, yalikuwa bado nje yanasubiri malipo; yakaanza kumpigia mjomba. Mpaka wakwe wakaja kucheza barabarani.

Meneja alitokea karibu na muda wa keki, mpole kama amemwagiwa maji. Kumetokea kutoelewana kidogo, mzee anaweza kuingia. Mjomba akamwambia, “Nimeshakaa, baba.” Maharusi ikabidi watolewe waje wamwamkie getini, na picha zangu nzuri kuliko zote ni za pale, nyuma yake kuna kibanda cha mlinzi.

Kwa hiyo mnaoniuliza kama nawashauri: kama wageni wenu wote ni wa suti na viatu vya kamba, nendeni, mtafurahi. Hapana, nafuta hilo. Kila ukoo una shangazi mwenye miguu iliyovimba anayevaa kandambili, na sitaki aonyeshwe lile boksi.

Nilikuwa bado nawapa nyota mbili kwa ajili ya bustani. Juzi wamerudisha amana, pungufu. Nikaomba mchanganuo. Wamekata “viti vilivyotolewa nje ya eneo la shughuli”. Viti vyenyewe ni vya mpambaji wetu, tulikodi kwake na tukaja navyo kwa lori letu. Nyota moja, na hiyo apelekewe mpishi.