ODM ya picha za droni: bure, ila inakula RAM

Ukitafuta ODM mtandaoni, wa kwanza kujitokeza ni chama cha chungwa cha Kenya, kile kilichotokana na kura ya maoni ya katiba ya 2005. Wanaoshughulika na takwimu za majaribio ya dawa nao wana ODM yao, muundo wa faili wa CDISC, shirika la viwango vya takwimu hizo. Tunayoipima hapa ni OpenDroneMap, programu huria inayounga picha za droni zikawa ramani moja. Andika WebODM, jina la sura yake ya kwenye kivinjari, utafika bila kupitia kwa wanasiasa.

Kazi yenyewe si ngeni kwetu Zanzibar. Kamisheni ya Ardhi na SUZA, chuo kikuu cha taifa cha Zanzibar, zilianza kurusha droni kupima visiwa tangu 2016. Kuiweka si kazi: sakinisha Docker (inayoendesha programu ndani ya kasha lake) na Git (ya kupakulia msimbo), pakua WebODM, toa amri ya ./webodm.sh start, fungua localhost:8000 kwenye kivinjari. Upakuaji wa kwanza ni mzito, usiutegemeze bando la simu.

Hulipii leseni, unalipia kompyuta. Picha 40 zinataka RAM (kumbukumbu ya kazi ya kompyuta) ya GB 4, picha 250 zinataka 16, picha 500 zinataka 32. Wengi hukwama hapa: kazi inakwenda vizuri, ghafla inakatika na namba 137. Mara nyingi maana yake kumbukumbu imejaa, mfumo umeiua. Kuirudia vilevile ni kuchoma umeme tu. Kwenye mipangilio ya kazi, shusha pc-quality (ubora wa nukta za 3D), au tumia split igawe picha mafungu mafungu. Kwenye Windows angalia pia Docker imepewa kiasi gani. Laptopu ina GB 16, Docker imepewa nusu.

Bahari ndiyo inayoishinda. Programu hulinganisha alama zinazojirudia picha hadi picha, na maji hayana alama inayotulia. Mashamba ya mwani ya Paje, Unguja, yakipigwa picha maji yamejaa, ramani hutoka na matundu. Rusha siku za bamvua maji yakiwa yamekupwa, saa nne au tano asubuhi, vigingi na kamba vikiwa nje. Mikarafuu ya Pemba ina tabu hiyohiyo kwa sababu ya upepo: pandisha droni juu zaidi, na picha zipandane kwa zaidi ya asilimia 80.

Kwa mipaka ya viwanja, GPS ya droni peke yake haitoshi. Weka alama tano au zaidi chini, kila moja ionekane kwenye picha tatu angalau, na mstari wa kwanza wa gcp_list.txt, faili la alama hizo, uwe EPSG:32737, namba ya mfumo wa vipimo wa UTM 37 Kusini. Vipimo vya Arc 1960, mfumo wa zamani wa upimaji, ukivitia humo bila kuvigeuza, kiwanja kitahama mamia ya mita.

Kwa ramani bapa ya kijiji au shamba, hatuoni sababu ya kununua programu nyengine. Mji Mkongwe kwa 3D ni habari nyengine: picha za kutazama chini tu huacha kuta za vichochoro kama zimeyeyuka, lazima uongeze za pembeni, na hapo RAM inapanda tena.