Mhudumu wa Casablanca: namchambua S. Z. Sakall

Haya wapendwa, leo hakuna boksi la kufungua. Simu zipumzike, leo nachambua mtu.

Kama umetazama filamu ya Casablanca ya 1942, yule mhudumu wa mgahawa mnene, mashavu yamejaa, miwani imekaa puani, anaitwa Carl. Aliyemwigiza ni S. Z. Sakall, mzaliwa wa Budapest, 1883. Jina lake la jukwaani ni Szőke Szakáll. Hiyo "sz" ya Kihungari isomeni "s" tupu, msijing'ate ulimi. Maana yake ndevu za kimanjano.

Alianza kwa kuandika vichekesho vya jukwaani, akaenda Vienna, kisha Berlin akawa mtu wa filamu. Mwaka 1933 Hitler akashika nchi, na Sakall ni Myahudi, akarudi Hungaria. 1940 akavuka kwenda Marekani. Umri huo mwingine anahesabu siku za kustaafu, yeye anaanza upya na Kiingereza cha kuungaunga.

Sasa twende pale ninapopapenda. Wazee wawili, mume na mke, wanangoja safari ya Marekani, wanamwonyesha Carl Kiingereza chao kipya. Wakiulizana saa kwa Kiingereza, wanasema "watch", yaani ile saa ya mkononi! Mwingereza anacheka kwa sababu kwake ni maneno mawili: "watch" ya mkononi, "time" ya kuulizia wakati. Kijerumani kina neno moja, Uhr. Na sisi? Saa ni saa, ya mkononi na ya ukutani na ya kuulizia wakati. Yaani sisi tungekosea vilevile, neno kwa neno. Mtazameni Carl sasa. Hawacheki wale wazee. Anawasifu, uso umekunjuka, basi. Kuigiza kusikiliza ni kazi ngumu jamani, na hapo hana hata mzaha wa kujificha nyuma yake.

Peter Lorre, mwigizaji mwenzake kwenye Casablanca, naye mzaliwa wa Hungaria ya enzi hizo, ana jina kubwa zaidi, lakini humo ndani Sakall anaonekana muda mrefu kuliko yeye.

Kasoro? Ipo. Kule kujipiga mashavu kwa viganja. Filamu ya kwanza unacheka, ya tano unajua kinachokuja kabla hajainua mkono. Studio ikambandika na jina la utani, "Cuddles", la kubembelezea watoto, mwenyewe hakulipenda. Na huku anachekesha watu, ndugu zake wa kike watatu waliuawa kwenye kambi za Wanazi.

Ya pili kutazama: Christmas in Connecticut, 1945. Yeye ni Felix, mpishi anayemwokoa mwandishi wa mapishi ambaye jiko halijui kabisa. Hapo nampa nane kwa kumi. Kwa Carl, tisa. Ile moja nimeikata kwa ajili ya mashavu.

Kabla hujaniandikia hapo chini kwamba ni mchekeshaji tu, rudi pale Carl anapofuatana na Victor Laszlo, yule kiongozi wa wapinga Wanazi ndani ya Casablanca, kwenye mkutano wa siri, wakarudi polisi wakiwa nyuma yao. Mtazame anavyohema.