Safari ya usiku Laikipia: mhanga nimemwona, ila picha ya tangazo ni ya mnyama mwingine

Picha ndiyo iliyonitoa Nakuru. Kwenye tangazo kulikuwa na mnyama mwenye pua ndefu kama bomba, mkia kama ufagio na mstari mweusi begani. Chini wameandika: "Njoo umwone mhanga," yaani yule mnyama wetu wa usiku anayechimba na kula mchwa. Mwanangu wa miaka kumi, anayejua wanyama kuliko hesabu, akaguna: "Mama, huyu si wa kwetu."

Kweli. Huyo ni mlamchwa mkubwa wa Amerika Kusini, asiye na jino hata moja. Ukeshe Laikipia mwaka mzima, hutamwona. Nilipopiga simu, aliyepokea akanijibu, "Ni walewale dada, wote wanakula mchwa." Si walewale hata kidogo. Yule wa Amerika ni ndugu wa slothi, wale wanaoning'inia mitini. Mhanga wetu ukoo wake uko karibu na tembo na pimbi, na kakakuona naye ana ukoo wake kando. Mchwa tu ndio waliowapa wote ulimi mrefu na kucha za kuchimbia.

Tulikwenda hivyo hivyo, maana nilishalipa: shilingi 6,500 kwa kichwa, mtoto nusu.

Kiongozi wetu alikuwa bora kuliko tangazo lao mara mia. Alisema mapema kwamba mhanga hana miadi na mtu. Usiku wa kwanza tuliambulia mashimo. Nilianza kununa, lakini alisimamisha gari kwenye kichuguu kilichopasuliwa, udongo bado mbichi, akatueleza kwamba mhanga akihama, ngiri hurithi shimo. Tena ngiri huingia kinyumenyume, ili adui akija akutane na pembe za mdomoni. Mwanangu aliidai hadithi hiyo tena mara tatu. Tukaona pia fisi mdogo (si mtoto wa fisi, ni aina nyingine kabisa) akilamba mchwa juu ya ardhi. Yeye hachimbi, hula waliokwisha kutoka.

Usiku wa pili, kama saa nne na nusu, kurunzi yenye mwanga mwekundu ikamnasa. Mgongo umepinda, masikio ya punda, mkia mnene unaoburutwa. Alikuwa akienda upande huu na ule, pua chini, kama mtu aliyedondosha sindano. Kisha akasimama na kuanza kuchimba. Jamani! Udongo uliruka nyuma yake kama unatupwa kwa sepetu, na kabla sijampa mtoto darubini kichwa kilishazama. Kiongozi akanong'ona kwamba akiwa humo huziba matundu ya pua vumbi lisiingie, na kwamba usiku mmoja anaweza kula wadudu 50,000. Tulikaa naye dakika tatu hivi. Akatoka, akatutazama bila haja nasi, akaingia gizani.

Malalamiko: usiku wa pili unalipia upya, bei ileile, na hawakusema mpaka tulipofika. Gari liko wazi na baridi ya Laikipia haina huruma, kwa hiyo beba koti zito, usitegemee shuka zao. Chai ya tangawizi ilikuwa moto kweli.

Nyota nne, zote za kiongozi. Ya tano nimeizuia kwa ajili ya picha. Juzi nilichungulia tangazo lao, na yule wa Amerika bado yupo pale na ufagio wake.