Wakili wa kugawana nyumba ya urithi, Tabora mjini: nampa nyota nne

Sisi ni ndugu watatu, mzee katuachia nyumba kule Ng'ambo yenye fremu mbili mbele na uwanja mkubwa nyuma, kesi ikafika mahakamani maana kila mtu anataka fremu, uwanja hakuna anayeutaka. Wakili tuliyempata hakuanza na vifungu bana, alikuja saiti na mpima wakavuta futi ukutani mpaka chooni, ndo tukaona mgawo wa sawasawa ungekata choo katikati 😂 Kaka akakubali uwanja wote, dada na mimi tukachukua fremu moja moja, ila tukamwongezea kaka hela kidogo na njia ya kupita mita mbili, imeandikwa kabisa kwenye makubaliano maana hapo ndo watu wanagombana baadae.

Hayo makubaliano tukayasaini wote, yakapelekwa kwa hakimu yakasajiliwa kwa Amri ya 23 kanuni ya 3 ya Sheria ya Mwenendo wa Madai, yakawa hukumu kamili. Na hukumu ya kukubaliana haikatiwi rufaa, kwahiyo usisaini kwa kumwonea aibu shemeji yako, soma kwanza.

Nyota moja nimekata kwasababu simu hapokei, na rasimu ya kwanza namba ya kiwanja ilikosewa, bahati dada aliiona. Halafu hela ya mpima ni ya kwenu, haimo kwenye ada yake, ulizeni mapema.