Ofisi ya mawakili iliyotusaidia kuondoa ombi na kulirudisha kama kesi ya maslahi ya umma

Nilifika katika ofisi hii nikiwa na ombi ambalo wakili mwingine alikuwa amekwisha kuliwasilisha mahakamani kwa jina langu pekee, nikilalamikia majitaka yaliyoingia katika ploti yangu kutoka kwenye mtaro uliopasuka na nikidai fidia ya ukuta ulioporomoka. Wakili aliyenipokea alisoma karatasi zote kwanza, kisha, badala ya kuzungumzia fidia, akaniuliza ni nyumba ngapi ziko chini ya mtaro huo na ni akina nani huteka maji katika kisima kilicho karibu nao. Kwa swali hilo peke yake ningeipendekeza ofisi hii.

Nilidhani ingetosha kurekebisha ombi, kwa kuwa Kanuni za Mutunga za mwaka 2013, zinazoongoza kesi za haki za kikatiba nchini Kenya, zinaruhusu marekebisho kwa idhini ya mahakama. Alinieleza kwa subira kwamba ombi langu lote, hadi amri nilizoziomba, lilisimama juu ya hasara ya mtu mmoja, ilhali kesi ya maslahi ya umma hutakiwa kueleza madhara yanayoipata jamii. Vifungu vya 22 na 258 vya Katiba ya Kenya vinamruhusu mtu kwenda mahakamani kwa ajili ya umma, na Kifungu cha 70, kinachohusu haki ya mazingira safi, hakimtaki mlalamishi athibitishe kwamba kuna mtu aliyepata hasara au kuumia. Mimi niliyekuwa nimehangaika kutafuta risiti za mawe na saruji nilisikia hayo kwa mara ya kwanza.

Hatua ya kuondoa ombi ndiyo waliyoishughulikia vizuri zaidi. Watu wengi huamini kwamba barua moja inatosha, lakini kanuni ya 27 ya Kanuni hizo za Mutunga inataka mahakama na upande wa pili wapewe notisi, na jaji, baada ya kuwasikiliza wote, ndiye anayeamua. Anaweza hata kuendelea kuisikiliza kesi ambayo mlalamishi ameichoka, mradi aandike sababu. Wakili wetu aliomba waziwazi kwamba kuondolewa kwa ombi kusituzuie kufungua jingine, na alikuwa amenionya mapema kuwa upande wa pili ungedai gharama. Kweli walizidai, lakini jaji akaamuru kila upande ujilipie zake. Katika ombi jipya, lililoambatanishwa na hati za kiapo za majirani kumi na mmoja, walieleza bila kuficha habari za lile la kwanza, kama kanuni zinavyotaka.

Sikuridhika na ankara yao. Waliandika jumla moja bila kutenganisha malipo ya wakili na ada nyingine, jambo lililonikera sana kwa sababu Katiba inataka kanuni zihakikishe kwamba hakuna ada ya kuanzisha kesi chini ya Kifungu cha 22, na mteja ana haki ya kujua kila shilingi anailipia nini. Walitoa mchanganuo baada ya kuulizwa mara mbili. Anayekwenda kwao na audai kabla ya kutia sahihi, na abebe nakala za karatasi zote za kesi ya awali, kwa maana watazisoma zote.