Safari ya simbamarara Ranthambore: chagua gari dogo

Hifadhi ya Ranthambore, katika jimbo la Rajasthan nchini India, ina safari mbili kwa siku, alfajiri na alasiri, kwa gari dogo la abiria 6 au lori la wazi la abiria 20. Nami nashauri gari dogo, kwa kuwa lori hunguruma na watu wake hawanyamazi. Kiongozi wetu alizima injini kando ya ziwa la Padam Talao, akatuonyesha nyayo mbichi vumbini, akatuashiria tusikilize mlio wa kulungu aliyeshtuka, na punde simbamarara jike akavuka barabara bila hata kututupia jicho. Kasoro ilijitokeza papo hapo: magari mengine yalifika mbio yakamzingira, na dereva wetu naye akajisogeza. Hata hivyo, kiongozi alieleza vyema kwamba msitu huu umezungukwa na mashamba na vijiji, hivyo madume wachanga wanaotafuta himaya hukosa pa kupita, na kwamba majangili waliwamaliza simbamarara wa Sariska, hifadhi nyingine ya Rajasthan, wakarejeshwa wengine kutoka Ranthambore mwaka 2008. Tiketi huisha mapema, tena si za bei rahisi.